UZI: Homa haishuki, FBP (hesabu ya chembe za damu) inaporomoka, antibiotiki zinabadilishwa tu – HLH kwa wagonjwa mahututi wa ICU huku Kusini

Mikindani_ICU

Wakuu salaam, hasa mlioko hospitali za Ligula, Sokoine Lindi, Ndanda na Nyangao. Uzi huu ni wa watu wa wodini, maabara na famasia. Tusiweke majina ya wagonjwa wala namba za faili, tuongee ugonjwa.

HLH, kwa kirefu himofagositiki limfohistiositosisi, ni kinga ya mwili iliyowaka na kukosa wa kuizima. Kwa kawaida chembe T na chembe NK, ambazo ni chembe nyeupe za ulinzi, hutoboa seli iliyoambukizwa kwa protini ya peforini, seli ikifa nazo hutulia. Hapa hazitulii. Zinazidi kumwaga interferoni gama (kemikali ya kuamsha kinga), makrofaji, yaani chembe mezaji, nazo zinachachamaa na kuanza kumeza chembe za damu za mgonjwa mwenyewe ndani ya uboho, wengu na ini. Mengi mnayoyaona kitandani yanaanzia hapo. Feritini, protini ya kuhifadhi chuma, inapaa kwa kuwa makrofaji ndizo zinazoimwaga. Traigliseridi, mafuta ya kwenye damu, zinapanda kwa kuwa kimeng'enya cha kuvunja mafuta kimebanwa. Fibrinojeni, protini ya kugandisha damu, inashuka kwa kuwa inavunjwa kasi kuliko ini linavyoitengeneza.

Watoto wadogo wengine huzaliwa na kasoro ya jeni. Mtu mzima karibu kila mara ana kichocheo nyuma yake: maambukizi, limfoma (saratani ya tezi), au ugonjwa wa kinga kama lupasi na ule wa Still.

Ugumu wa ICU ni kwamba picha hii inavaa nguo za sepsisi, yaani maambukizi yaliyolipuka mwili mzima. Ndiyo maana nasema angalieni mwelekeo, si namba ya siku moja. Mgonjwa wa sepsisi ambaye chanzo chake kimedhibitiwa, platileti zake (chembe za kugandisha damu) huanza kupanda baada ya siku chache, na fibrinojeni yake mara nyingi iko juu tangu mwanzo. Wa HLH, homa inabaki 38.5 na zaidi juu ya antibiotiki sahihi, platileti na HB (hemoglobini) zinashuka kila asubuhi bila kuvuja damu, AST (kimeng'enya cha ini) inapanda, wengu unaongezeka. Na kuna dalili moja ya bei rahisi ambayo wengi wanaipita: CRP inapanda huku ESR ikishuka, vyote viwili vikiwa vipimo vya damu vya kuonyesha uvimbe wa ndani. ESR hutegemea sana fibrinojeni. Ikitoka 90 kwenda 15 ndani ya siku tatu na mgonjwa bado anaungua homa, msishangilie.

Nachingwea_MD

Ahsante mkuu. Ila hapo kwenye wengu na HB mimi nina shaka. Huku kwetu wengu mkubwa ni malaria za utotoni, HB ya 8 ni minyoo, lishe na ujauzito. VVU peke yake inashusha chembe zote. Tukifuata vigezo vya vitabu, nusu ya wodi itakuwa na HLH.

Mikindani_ICU

Hoja nzito, Daktari. Vigezo vinavyotumika sana ni vya mwaka 2004: vitano kati ya vinane. Homa 38.5 au zaidi, wengu mkubwa, upungufu wa aina mbili kati ya tatu za chembe, yaani HB chini ya 9 g/dL, platileti chini ya 100, nyutrofili (aina ya chembe nyeupe) chini ya 1.0; traigliseridi za kufunga 3.0 mmol/L au zaidi au fibrinojeni 1.5 g/L au chini. Makrofaji zinazokula chembe kwenye uboho, wengu au tezi. Feritini 500 au zaidi. Kazi ya chembe NK kuwa chini. Na CD25 ya kwenye damu, alama ya chembe T zilizoamka, 2,400 au zaidi. Marekebisho ya 2024 yameondoa kipimo cha NK, ikawa vitano kati ya saba. Vigezo hivi vilitungwa kwa ajili ya watoto. Feritini ya 500 kwa mtu mzima aliyeko ICU haina maana kubwa, wagonjwa mahututi wengi huivuka.

Kwa mtu mzima tumieni HScore, jedwali la pointi lililotoka Ufaransa mwaka 2014. Kinga iliyodhoofika, VVU ikiwemo: 18. Joto 38.4 hadi 39.4: 33, likizidi hapo 49. Ini au wengu kimoja kikubwa: 23, vyote viwili 38. Chembe aina mbili pungufu: 24, zote tatu 34, na humo mipaka ni HB 9.2, chembe nyeupe 5.0, platileti 110. Feritini 2,000 hadi 6,000: 35, ikizidi 50. Traigliseridi 1.5 hadi 4: 44, zikizidi 64. Fibrinojeni 2.5 au chini: 30. AST 30 au zaidi: 19. Uboho ukionyesha makrofaji zinazokula chembe: 35. Kizingiti ni 169.

Tuchukue mgonjwa wa mfano: ana VVU, joto 39.1, wengu tu, chembe aina mbili zimepungua, feritini 7,400, traigliseridi 3.2, AST 140. Fibrinojeni haikupimwa, uboho haukuchukuliwa. 18, 33, 23, 24, 50, 44, 19. Jumla 211. Kipimo kisichofanyika mnakihesabu sifuri, kwa hiyo 211 ni sakafu.

Sasa shaka yako. Kwa huku, mimi hupunguza uzito wa wengu, chembe na VVU kichwani, maana hizo pointi 60 na kitu mgonjwa wetu anaweza kuja nazo kutoka nyumbani. Ninachouliza ni je, zimebadilika ndani ya wiki hii? HB iliyokuwa 8 CTC (kliniki ya VVU) miezi sita iliyopita na leo ni 8 hainisumbui. Iliyokuwa 11 Jumatatu na leo 7.5 bila damu kutoka popote, hiyo inanisumbua. Na feritini: utafiti wa wagonjwa wa ICU huko Berlin ulipata kwamba 9,083 ndiyo mpaka unaotenganisha vizuri HLH na mengine. Kati ya 2,000 na 9,000 rudieni baada ya saa 24 hadi 48 mwone inakwenda wapi.

Maabara_Lindi

Naomba niingie hapa kwenye feritini, maana ndipo mambo yanapoharibika kimyakimya.

Mashine nyingi zina ukomo wa juu. Majibu yakija ">2,000" au ">1,650", hayo si majibu, huo ni ukomo wa mashine. Andikeni kwenye fomu "naomba dailusheni", yaani kuzimua, na sisi tutachanganya seramu 1:10, ikigoma 1:50, kisha tuzidishe. Bila hivyo mtafuatilia mgonjwa kwa siku tano mkiona ">2,000" kila siku, wakati ametoka 40,000 hadi 6,000, au kinyume chake. Lingine: kwenye baadhi ya njia za kupima, feritini ikiwa nyingi kupita kiasi inazidi uwezo wa kingamwili za kipimo na jibu linatoka la chini la uongo. Jibu la 300 kwa mgonjwa anayeporomoka hivyo, ombeni dailusheni vilevile.

Mkumbuke pia feritini hupanda kwa mengine: ini kufa, figo kushindwa, na mgonjwa wa selimundu aliyeongezwa damu mara nyingi. Huyo wa selimundu feritini yake ya miezi iliyopita ndiyo kipimo cha kulinganisha.

Fibrinojeni: chupa ya kofia ya bluu, sitreti 3.2%, ijazwe hadi mstari, sehemu tisa za damu kwa moja ya sitreti. Ikijazwa nusu, sitreti inazidi na jibu linashuka kwa uongo. Geuzeni taratibu mara tatu au nne, msitikise. Plazma itengwe ndani ya saa nne. Kama inasafirishwa kwenda Dar, itenganishwe na kugandishwa hapahapa. Damu nzima ya bluu iliyopanda basi usiku kucha haifai kitu. Feritini haina makuu, seramu iliyotengwa inakaa kwenye friji 2 hadi 8 siku kadhaa.

Traigliseridi: muulizeni sista kwanza mgonjwa anapewa nini. Propofoli imo ndani ya mafuta, na lishe ya mshipani yenye mafuta pia. Traigliseridi 5 kwa mgonjwa aliyelazwa usingizi kwa propofoli haihesabiki mpaka muibadilishe dawa na kurudia.

Kuhusu uboho: kukosekana kwa makrofaji zinazokula chembe hakuondoi HLH, mwanzoni mara nyingi hazionekani. Na kuonekana kwake hakuthibitishi, sepsisi na kuongezewa damu huzileta pia. Faida kubwa ya uboho kwetu ni kutafuta kichocheo. Kwa hiyo msilete slaidi mbili tu. Leteni za kutosha tupake Giemsa, tupake Ziehl-Neelsen ya TB, tutafute fangasi wa histoplazma na leishmania ndani ya makrofaji, na kipande kingine kiende patholojia kutafuta limfoma.

Sista_Shangani

Shikamooni madaktari. Usiku fibrinojeni hakuna. Kile kipimo cha dakika 20 cha kuumwa na nyoka kinaweza kusaidia hapa?

Maabara_Lindi

Marahaba Sista. Kinasaidia, kwa mipaka. Mililita 2 za damu ya mshipani kwenye chupa ya kioo, mpya, safi, kavu, isiyooshwa kwa sabuni. Iache imesimama dakika 20 bila kuigusa, halafu ilaze mara moja. Damu ikimwagika bila kuganda, fibrinojeni imeshuka vibaya. Chupa ya plastiki hairuhusiwi, kioo ndicho kinachoamsha kuganda. Ikiganda haina maana kwamba fibrinojeni ni nzuri, ina maana haijafika chini kabisa. Na isiyoganda kwa mgonjwa wa shambani mwenye kidonda mguuni msimu wa korosho, angalieni nyoka kwanza!

Sista_Shangani

Ahsante. Basi niongeze la upande wetu. Mgonjwa huyu asichomwe sindano ya msuli. Platileti zikiwa chini, chupa za damu ya vipimo ziombwe kwa mpangilio, mara moja asubuhi, maana mililita 5 hapa na 10 pale nazo zinamwongezea upungufu. Chati ya joto ioneshe muda parasetamoli ilipotolewa. Ikitolewa kwa saa kila baada ya saa sita, homa inajificha na daktari anaandika "hana homa" asubuhi. Steroidi (dawa ya kutuliza kinga, kama deksamethasoni) ikianza, sukari ipimwe kila saa nne hadi sita. Na akianza kuchanganyikiwa, kutetemeka upande mmoja au kulegea, msiandike tu "ICU deliriamu", HLH huingia kwenye ubongo.

Nachingwea_MD

Haya, tukubali ni HLH. Hapo ndipo woga unapoanza. Mgonjwa ana VVU, ana TB inayonukia, halafu nimpe deksamethasoni ya dozi kubwa na dawa ya saratani?

Mikindani_ICU

Woga huo ni wa haki, na jibu linategemea kichocheo. Kwa hiyo kichocheo kinatafutwa siku hiyohiyo, sambamba na matibabu.

TB ndiyo ya kwanza huku. GeneXpert ya makohozi au ya maji yaliyovutwa kwenye bomba la kupumulia, LAM ya mkojo (kipimo kingine cha TB) kwa kila mwenye VVU aliye mahututi, ultrasaundi ya tumbo kutafuta tezi na vidoa vya wengu, na maji ya mapafu au ya moyo kama yapo. TB iliyosambaa ikileta HLH, msingi ni dawa za TB zenyewe pamoja na steroidi. Etoposaidi, ndiyo hiyo dawa ya saratani, mara nyingi haihitajiki, inabaki akiba kwa anayezidi kuzama.

Malaria: msisimame kwenye mRDT, kipimo cha haraka. Ile inayotafuta HRP2 (protini ya kimelea) hubaki chanya wiki kadhaa baada ya vimelea kufa. Pakeni slaidi mhesabu. Na vimelea vichache kwa mtu mzima wa Newala au Liwale si lazima viwe ndiyo chanzo, mtibuni kwa atesuneti lakini utafutaji uendelee. Atesuneti yenyewe inaweza kuleta kuvunjika kwa damu wiki moja hadi tatu baadaye, kwa hiyo HB inayoshuka siku ya kumi isihesabiwe haraka kuwa HLH.

Mwenye CD4 za chini afikiriwe pia histoplazmosisi, na akiwa na madoa ya Kaposi au tezi zilizovimba, virusi vya HHV-8 na ugonjwa wa tezi wa Castleman. Angalieni kaakaa na nyayo, huko ndiko Kaposi inakojificha. Kala-azari, leishmania ya viungo vya ndani, haina makao huku kwetu, ila mtu aliyefanya kazi Turkana, Baringo, Sudan au Ethiopia apimwe rK39. Kuikosa ni hasara kubwa maana inapona kwa amfoterisini ya liposomu.

Virusi vya Epstein-Barr na limfoma ni hadithi nyingine. Hapo etoposaidi haipaswi kuchelewa. Na kama kuna tezi ya kutoa, itolewe kabla ya deksamethasoni, kwa sababu steroidi huyeyusha limfoma na mpatholojia anabaki na tezi isiyosema kitu. Lakini kama mgonjwa anazama leo, msimsubirishe daktari wa upasuaji wa Alhamisi.

Antibiotiki haziachwi. HLH na sepsisi hukaa pamoja.

Mfamasia_Masasi

Niweke dozi, kwa mgonjwa wa sentimita 160 na kilo 58. Zidisha urefu kwa uzito, gawa kwa 3,600, tafuta kipeuo cha pili: 9,280 kwa 3,600 ni 2.58, kipeuo chake 1.6. Eneo la mwili ni mita za mraba 1.6.

Deksamethasoni miligramu 10 kwa kila mita ya mraba kwa siku: 16 mg, yaani ampulu nne za 4 mg. Inapendelewa kuliko prednisoloni kwa kuwa inaingia vizuri kwenye ubongo. Pale ambapo chanzo ni lupasi au Still, wengi huanza na methilipredinisoloni gramu 1 kwa siku, siku tatu hadi tano.

Etoposaidi: itifaki ya awali ni 150 mg kwa mita ya mraba mara mbili kwa wiki, hiyo ni ya watoto. Mtu mzima kwa kawaida hupewa 50 hadi 100 mara moja kwa wiki, na hupangwa na daktari wa damu au wa saratani. Tuseme 100: 160 mg, ni mililita 8 za chupa ya 20 mg/mL. Hapa kuna mtego. Ikiwekwa kwenye mililita 250 za salaini inakuwa 0.6 mg/mL na inaweza kutengeneza chenga ndani ya mfuko, kiwango kisizidi 0.4. Iwekwe kwenye mililita 500, itakuwa kama 0.32. Ikimbie dakika 60, kamwe isisukumwe kwa sindano, presha itaanguka. Glavu, aproni, na taka zake zitengwe. Figo zikichuja mililita 15 hadi 50 kwa dakika, punguza robo. Manjano peke yake si sababu ya kuipunguza kwenye HLH, wala chembe kuwa chini si sababu ya kuinyima kama ugonjwa wenyewe ndio umezishusha.

Imunoglobulini ya mshipani ni gramu 1 kwa kilo kwa siku mbili. Kwa huyu ni gramu 116. Ndugu watauza mikorosho, na nafasi yake ni ya kusaidia tu, kwa hiyo isiwe ya kwanza kuandikwa. Anakinra na ruksolitinibu, dawa nyingine za kutuliza kinga, zinasaidia sana zilipo.

Sasa kinachosahaulika. Rifampisini huchochea ini kuvunja deksamethasoni na etoposaidi haraka, kwa hiyo mgonjwa wa TB anaweza kuwa anapata dozi ndogo kuliko mnavyodhani. Steroidi huongezwa, wengi hukaribia mara mbili, kwa kutazama majibu. Dolutegraviri, dawa ya VVU, nayo itolewe 50 mg mara mbili kwa siku.

Kabla ya steroidi au siku hiyohiyo: aivamektini mikrogramu 200 kwa kilo, huyu ni 12 mg, siku mbili mfululizo. Pwani hii ina strongiloidesi, mnyoo wa utumbo, na steroidi humfungulia mdudu huyo mlango, anatoka utumbo akibeba bakteria hadi kwenye damu na mapafu. Ni dawa ileile ya kampeni za matende na mabusha, na kuwahi kuinywa kwenye kampeni si kinga ya leo. Mgonjwa akianza sepsisi mpya ya bakteria wa utumbo wiki ya pili ya steroidi, tafuteni viluwiluwi kwenye makohozi na choo kibichi.

HBsAg (homa ya ini B) ipimwe. Aliye kwenye TLD, kidonge cha VVU, tayari ana tenofoviri na lamivudini, mwingine aanzishiwe kinga. Septrini 960 mg mara tatu kwa wiki, na dawa ya kukinga tumbo.

Nachingwea_MD

Nimeelewa. Damu je? Platileti 18 tunamwagia?

Mikindani_ICU

Kama havuji, subirini mpaka 10, au 20 akiwa na homa kali na sepsisi. Akivuja, lengo ni juu ya 50 na fibrinojeni juu ya 1.5, kwa krayo (sehemu ya plazma yenye fibrinojeni nyingi) au plazma mililita 15 kwa kilo. Pasipo platileti, damu nzima mbichi inafanya kazi. Kuongeza kila siku ili FBP ipendeze hakusaidii, zinaliwa palepale.

Kilwa_Rufaa

Wakuu, kuhusu kumpeleka Muhimbili. Dozi ya kwanza ya deksamethasoni, aivamektini na dawa za kichocheo zitolewe kabla gari halijawashwa. Kutoka Mtwara ni zaidi ya kilomita 500. Oksijeni lita 5 kwa dakika kwa saa 9 ni lita 2,700. Ongezeni nusu ya akiba, ni kama lita 4,000, yaani mitungi mitatu ya saizi F yenye lita 1,360 kila mmoja. Akiba hiyo si anasa, aliyekumbuka barabara ilivyokatika Somanga mvua za Mei 2024 atanielewa. Bebeni slaidi za uboho, vitalu vya patholojia na jedwali la FBP la siku zote, si barua tu. Kule watakachouliza kwanza ni mwelekeo.

Sista_Shangani

Swali la mwisho kwangu: akipata nafuu, deksamethasoni inashuka vipi? Kuna anayeikata siku homa inapoisha.

Mfamasia_Masasi

Isikatwe, Sista. Homa kuisha ndani ya siku mbili ni kazi ya steroidi yenyewe, haithibitishi ugonjwa umezimika. Ratiba ni 10 kwa mita ya mraba wiki mbili, 5 wiki mbili, 2.5 wiki mbili, 1.25 wiki moja, kisha inaondolewa taratibu wiki ya nane. Kwa huyu wa mfano: 16, 8, 4, 2 mg. Kichocheo kama TB kikidhibitiwa mapema, daktari anaweza kuifupisha.

FBP kila siku mwanzoni, feritini kila siku mbili au tatu kwa mashine ileile na dailusheni ileile. Akirudiwa, mara nyingi ni wakati wa kushuka ngazi. Feritini ikipanda upya pamoja na platileti kushuka, rudini ngazi ya juu na mtafute kichocheo upya. Ikipanda peke yake na mgonjwa anakula na kutembea, rudieni kipimo kesho yake kabla ya kugusa dozi.